Neno Moja la Bwana Sahani Lilivyozima Jiko la Dada Yake

Saa sita mchana. Jua limesimama utosini, kivuli cha mtu kimejificha chini ya nyayo zake, na kila mwenye akili timamu amejitafutia paa. Mbwa wa bandarini wamelala chini ya magari. Hata nzi, anasema nahodha wa boti, wamekwenda likizo.

Mtu mmoja tu ndiyo kwanza anaanza kazi. Ameinama ubavuni mwa boti ndogo ya injini, upande wenye kivuli, tumbo limeegemea ukingo, kiuno kimepaa juu kuliko kichwa, na mkononi ana kamba yenye mafundo. Mwishoni mwa kamba inaning'inia sahani ya chuma, nyeupe kama jino la mtoto, yenye upana wa sinia la chai.

Anaiteremsha majini taratibu. Sahani inang'aa, inageuka kijani, inageuka samawati, inafifia kama mwezi uliosahaulika angani mchana. Kisha inapotea.

"Haya, kwaheri," anaiambia. Anaipandisha kidogo mpaka ionekane tena, anaishusha, anabana fundo kwa vidole viwili. "Mita kumi na nne. Mvua ya jana imeleta tope."

"Umeipoteza tena sahani ya watu?" nahodha anauliza kutoka nyuma, bila kufumbua macho.

"Siipotezi. Naisindikiza."

"Mke wangu angekuwa anasindikiza sahani zetu hivyo, tungekuwa tunakulia viganjani."

Mjini hakuna anayemwita mzee huyu kwa jina la kwenye kitambulisho. Ukiliuliza, hata mkewe anafikiri kwanza. Kwa wote yeye ni Bwana Sahani, na kazi yake, ukiiondolea mbwembwe, ni kupima jua, au mionzi ya jua kama kituo kinavyoandika: ni kiasi gani linafika chini baada ya kupita hewani, na ni kiasi gani linazama baharini kabla halijaishiwa nguvu.

Kazi hiyo ina nusu mbili. Nusu ya mchana ni hii ya sahani. Nusu ya asubuhi iko juu ya paa la kituo cha hali ya hewa, jengo la ghorofa mbili lililobabuka rangi jirani na bandari. Huko kuna chombo chenye kibakuli cha kioo kilichopinduliwa, ukubwa wa nusu chungwa, kinachokunywa jua kutwa nzima na kutuma habari zake ofisini kwa waya. Bwana Sahani hupanda ngazi na kitambaa laini, hupangusa vumbi, umande, na vitu vingine ambavyo ndege huangusha bila kuomba ruhusa.

Anasimulia habari za kunguru mmoja ambaye waligombana naye miaka na miaka. Kunguru huyo, anaapa mbele ya nahodha, alikuwa haachii mzigo wake mpaka asikie kioo kimeshapanguswa vizuri na mpangusaji ameshafika ngazi ya mwisho. "Nilimwita Mkaguzi," anasema. "Siku kazi yangu ikiwa mbovu, alikuwa anapita tu, anatikisa kichwa, haoni sababu ya kushuka."

Nahodha anafumbua jicho moja. "Mwaka jana kunguru huyo alikuwa anatikisa kichwa. Mwaka huu ataanza kusaini."

Muulize Bwana Sahani jua linasafirije, nawe ujue umejikalisha. Anakuambia jua linatoka huko juu likiwa na mfuko umejaa, kama mtu aliyetoka kuuza ng'ombe. Linaingia hewani. Wingu linakata fungu lake na kulirudisha jingine lilikotoka. Vumbi linachomoa kidogo. Mvuke unachomoa kidogo. Mwanga mwingine unasukumwa huku na huku mpaka anga lote linakuwa samawati. Linalobaki ndilo linalofika kwenye kioo chake pale juu ya paa.

"Sasa ngoja liingie majini," anasema, na macho yanamwaka. "Humo ndimo mna vibaka wenyewe! Wekundu unaporwa wa kwanza, mlangoni tu. Unafuata wa machungwa, unafuata wa njano. Unaobaki unashuka na kushuka ni ule wa samawati, peke yake, gizani, mpaka nao unachoka."

Anasema hivyo kisha ghafla anaikamata kamba kwa mikono miwili, kama mtu aliyejikwaa kwenye kizingiti cha nyumba yake mwenyewe. Maana maelezo kama haya, yaliyotolewa siku moja kwa furaha na kwa neno moja lisilo mahali pake, ndiyo yaliyomfanya dada yake asimwite tena mezani.

Dada yake ni mkubwa kwake kwa miaka tisa. Mama yao alipofariki, yeye ndiye aliyembeba mgongoni, akamlisha, akamnyoa, akamchapa, na akamsomesha mpaka pale kichwa cha mdogo wake kilipokataa hesabu za mafumbo. Pesa zote zilitoka kwenye karai. Alikaanga samaki kwenye kona ya soko la samaki, chini ya bati moja lililoinama, kwenye karai la chuma pana kiasi kwamba watu walitania kuwa mvua ikinyesha sana mtaa utahamia humo. Kwa hiyo akaitwa Mama Karai.

Samaki wake walikuwa na sifa. Wapo wanaoshikilia kuwa mtu mmoja aliyekuwa amezimia kwa homa alipitishiwa kipande puani, akaamka, akala, akauliza kama kuna kingine, ndipo akazimia tena. Hilo mtu aamini apendavyo. Lisilo na ubishi ni kwamba hadi saa nane mchana benchi lake lilikuwa halina pa kukalia, na kwamba kila siku, akitoka baharini na kamba yake inayochuruzika, Bwana Sahani alikaa mwisho wa benchi hilo na kuletewa samaki mmoja bila kuulizwa.

"Sikumwomba hata siku moja," anasema. "Aliniona tu natokea kwenye kona, anatumbukiza."

Miaka mitatu iliyopita, katika nchi ya mbali ng'ambo ya bahari, kinu cha nyuklia kilipata hitilafu. Redio ilitangaza asubuhi: mionzi imesambaa hewani, na mingine imeingia baharini. Mji mzima ukasikia. Mtu mmoja tu hakusikia, kwa sababu alikuwa juu ya ngazi na kitambaa chake, na kutoka hapo akashuka moja kwa moja kwenye boti.

Aliporudi, alikuta soko la samaki limejaa watu waliokuja kuuliza, si kununua. Dalali wa samaki, mwanamume mwenye sauti ya kuamsha mji wa jirani, alimwona kwa mbali.

"Bwana Sahani! Hebu njoo hapa! Wewe si ndiye mtu wa mionzi?"

"Ndiye."

"Basi tuambie ukweli, usitufiche. Hiyo mionzi inafika huku kwenye bahari yetu?"

Hapa inabidi umwelewe. Miaka yote hiyo amepima jua, na hakuna aliyewahi kumuuliza. Watoto walimcheka, watu wazima walidhani anavua kwa sahani kwa sababu ya ubahili wa chambo. Leo soko zima limemgeukia, wanawake wameshusha ndoo, wanaume wamevua kofia, na swali lenyewe analijua kuliko anavyojua njia ya kwake.

"Inafika!" akajibu, meno yote nje. "Tena inafika kila siku! Leo nimeipima mwenyewe kwa mkono huu, imezama mita kumi na nane."

Wanawake wakaokota ndoo zao.

"Na samaki?" dalali akauliza, na mara hii sauti yake haikutosha hata kumwamsha paka.

"Samaki wanaishi humo humo ndani ya mionzi. Bila mionzi hiyo nani angekuwa na samaki hapa?"

Alitaka kuendelea. Alitaka kueleza kwamba jua likizama majini linalisha vijimea vidogo visivyoonekana, vijimea vinaliwa na vidagaa, vidagaa vinaliwa na wakubwa wao, na hivyo kila samaki ni jua lililotiwa magamba. Lakini alikuwa anaongea na migongo. Watu walishapata walichokuja kutafuta.

"Mimi nazungumzia jua, wao wanazungumzia sumu," anasema sasa, akiviringisha kamba mkononi. "Neno moja, milango miwili. Wao wameingilia mbele, mimi nimeingilia uani, kila mmoja anadhani tumo chumba kimoja."

Kufikia jioni uvumi ulikuwa umeota miguu. Mtu wa kituo amepima, imefika mita kumi na nane. Asubuhi yake zilikuwa mita themanini. Ikasemwa kuna fundi cherehani aliyepika samaki changu, akazima taa, na bado akatunga uzi kwenye sindano kwa mwanga wa sufuria. Ikasemwa paka wa mwenye duka alikula kichwa cha pweza na sasa akifungua mdomo inasikika taarifa ya habari. Watu waliapa. Wengine walimtaja paka kwa jina.

Ukweli wenyewe, kama Bwana Sahani anavyoueleza leo akiwa na utulivu ambao siku ile hakuwa nao, ni tofauti kabisa. Kinachotoka kwenye kinu kilichoharibika si mwanga wa kushuka moja kwa moja. Ni chembe ndogo ndogo zinazotoa mionzi ya hatari, na chembe hizo zinasafiri kama vumbi: zinapanda upepo, zinashuka na mvua, zinaingia baharini, mikondo inaziburuta huku na huku, na kwenye maji mengi zinatawanyika.

"Siyo kwamba hazidhuru," anasema. "Kule karibu zinadhuru sana, na ndiyo maana watu wanahamishwa. Lakini kati ya kule na sisi kuna bahari nzima. Vumbi lile kadiri linavyosafiri linapungua. Uvumi kadiri unavyosafiri unanenepa."

Ungedhani basi kesho yake angesimama sokoni akayasema haya. Hakusimama.

Mkuu wa kituo, mwanamama mpole ambaye anakubali kuzungumza akiwa kwenye ngazi za ofisi yake, alikuwa ameita wafanyakazi wote mapema kesho yake hiyo na kuwakataza kusema lolote. Maji na samaki vilikuwa vimechukuliwa kwenda kupimwa maabara, mbali. Mpaka majibu yarudi, midomo ifungwe.

"Niliogopa kuwaambia watu wako salama kabla sijajua," anasema mkuu. "Hilo silijutii. Ninalojutia ni kwamba ningeweza kumruhusu aseme lile moja tu alilokuwa anajua: kwamba yeye alipima jua. Hilo halikuhitaji maabara. Halikunijia akilini. Nilikuwa nashughulika na simu za wakubwa, yeye nilimwona kama mtu wa kupangusa kioo."

Kisha likaja suala la jino.

Msomaji usicheke, au cheka kidogo umalize. Katikati ya wiki ile, gego la Bwana Sahani lililokuwa likimsumbua tangu zamani liliamua kumaliza ugomvi. Asubuhi akaenda kung'olewa. Daktari wa meno akalipiga picha kwanza, na kwa bahati mbaya akamwambia, "Usijali mzee, ni mionzi kidogo tu." Bwana Sahani anasema alitamani kushuka kwenye kiti akimbie.

Gego likatoka. Akatoka na pamba mdomoni, shavu limekufa ganzi, na amri ya kutotafuna kitu mpaka jioni. Miguu, kwa mazoea yake, ikampeleka kwa dada.

Benchi la Mama Karai lilikuwa na watu wanne tu, wateja wa tangu ujana wake, waliojikaza kisabuni wakaja. Walikuwa wameshika samaki mkononi na bado hawajauma, wanatazamana. Dada akamwona mdogo wake anatokea kwenye kona, uso ukamchanuka. Akatumbukiza samaki mkubwa kuliko wote. Akamwekea mbele, akasema kwa sauti ili hata wapita njia wasikie:

"Haya! Mtu wa mionzi mwenyewe huyu hapa! Tazameni anavyokula!"

Bwana Sahani akatazama samaki. Akatazama watu. Akaweka kiganja mdomoni, akatikisa kichwa, na kwa mkono wa pili akaisukuma sahani.

Alijaribu kusema "jino". Kwa ganzi ile ilitoka sauti kama ya mtu anayezama. Wa kwanza kusimama alirudisha samaki wake kwenye sinia. Wa pili alimwacha kwenye benchi. Hata dakika moja haikupita, mwisho wa benchi alibaki mdogo mtu, na nyuma ya karai dada mtu, na mafuta yanachemka bila kitu.

Mpaka jua linazama soko lote lilikuwa na habari moja: hata ndugu yake wa tumbo moja hali.

Mama Karai alikaanga siku chache zaidi kwa ukaidi. Alizoea kumaliza ndoo tatu. Sasa ndoo moja ilirudi nyumbani nusu, na majirani aliowagawia bure walipokea kwa mikono miwili na kutupa kwa mmoja. Akaacha kukaanga. Karai akaliuza kwa wanunuzi wa vyuma chakavu. Lilipopakiwa kwenye mkokoteni, wanasema, lilitoa mlio kama kengele mtaa mzima, na yeye hakutoka nje kulitazama.

Majibu ya maabara yalirudi baada ya wiki kadhaa. Bahari ilikuwa safi, samaki walikuwa safi. Tangazo likabandikwa kwenye ubao wa kituo kwa maneno ambayo hata aliyeyaandika angehitaji chai kwanza ndipo ayasome. Taratibu watu walirudia samaki, kwa sababu tumbo halina kinyongo. Pale kwenye kona, chini ya bati lililoinama, sasa kuna kijana wa kutengeneza simu.

Leo Mama Karai anapiga pasi. Ana chumba kimoja chenye mlango wa barabarani, meza ndefu iliyotandikwa blanketi, pasi mbili za umeme, na kamba zilizojaa mashati ya watu. Chumba kinanuka wanga na mvuke. Mtaa umeshaanza kumwita Mama Pasi. Haitiki.

"Mimi siyo Mama Pasi," anasema bila kuinua macho kwenye kola anayoinyoosha. "Pasi ni kitu cha kushika mtu akikosa cha kushika."

Ana mikono mikubwa yenye madoa ya mafuta ya zamani, na ulimi ambao umri haujaupunguza makali. Anajua kila kitu. Anajua habari ya neno lenye milango miwili, anajua habari ya jino, anajua habari ya amri ya mkuu wa kituo. Mkuu mwenyewe alikuja akamweleza na kumwomba radhi.

"Nilimpa kiti, nikampa maji," anasema. "Yule simdai kitu. Hakuwa anakula kwangu."

Na mdogo wake je?

Anaisimamisha pasi wima mezani. Inatoa pumzi.

"Watu wanafikiri nimekasirika kwa sababu alisema mionzi. Jamani, huyo tangu akiwa mtoto ni bomba lililopasuka, nimkasirikie leo? Wanafikiri nimekasirika kwa sababu alisukuma sahani. Alikuwa na jino. Sawa. Jino ni la siku moja." Anainua kidole kimoja. "Kesho yake jino lilikuwa wapi? Kesho kutwa? Nilikuwa nakaanga, natazama kwenye kona. Kila siku natazama. Angekuja akakaa pale akala kipande kimoja, asiseme kitu, amri ya bosi wake asiivunje. Kula si kusema! Nani angemfukuza kazi kwa kula? Mimi nikajua anapita barabara ya nyuma. Watu waliniambia, tena kwa kicheko: mdogo wako siku hizi anazunguka kwa wauza mbao."

Anachukua pasi, anaipitisha kwenye kola ambayo tayari imenyooka.

"Nilimbeba mgongoni huyu," anasema. "Hakuwa mwepesi."

Bwana Sahani hakatai. Ukimuuliza kuhusu barabara ya nyuma, vichekesho vyote vinamkauka mdomoni. Anasema siku ya kwanza alipita huko kwa sababu fizi ilikuwa bado inavuja damu. Siku ya pili alipita kwa sababu watoto wa sokoni walikuwa wakimzomea, "Mionzi! Mionzi!", huku wameshika midomo yao kama alivyofanya yeye. Siku ya tatu alipita kwa sababu jana alipita.

"Nikawa najiambia, majibu yakirudi nitaingia kwa dada nimeinua kichwa. Nitakula samaki watatu," anasema. "Majibu yamerudi, karai halipo. Ningekula nini? Ningekaa wapi?"

Nahodha, ambaye kwa kawaida hana siku bila neno la kuchokoza, anageukia injini na kuiwasha.

Tangu mwaka jana ndugu hawa wawili wameanza kuonana tena, kwa namna yao. Kila wiki Bwana Sahani anampelekea shati la kunyoosha. Ni la sare ya kituo, la rangi ya maziwa, lenye mifuko miwili. Mkewe, ambaye hupiga pasi nzuri tu nyumbani, ameshazoea kumwona mumewe anatoka na shati lililonyooka, akifika uchochoroni analifinyanga kwa mikono, analikalia kidogo, kisha anabisha hodi kwa dada yake kama mteja.

"Najua analikunja njiani," anasema Mama Karai. "Lina joto la makalio."

Analinyoosha. Anamlipisha kama mteja yeyote. Hamwambii kaa.

Lakini wiki hii kuna jambo. Mkuu wa kituo, ambaye hatimaye amemruhusu Bwana Sahani kusema, ameomba nafasi sokoni Jumamosi, saa ya mnada, wakati soko limejaa. Dalali amekubali kunyamaza kwa robo saa, jambo ambalo wengi wanataka kuja kuliona kwa macho yao kabla ya kuamini. Bwana Sahani atapanda kwenye jukwaa la mnada na kueleza alichosema siku ile na alichokusudia. Mwakani anastaafu, na hataki jibu lile liwe ndilo pekee mji utakalomkumbuka nalo.

Dada yake amealikwa. Amesema ana mashati.

Alasiri, Bwana Sahani anabisha hodi. Dada anamwitikia karibu ile ya wateja, fupi, isiyo na kiti ndani yake. Anaingia, anaweka shati mezani, anabaki amesimama karibu na mlango na kofia mkononi.

Mama Karai analigeuza shati, anakagua mikunjo. "Hili ndilo la Jumamosi?"

"Ndilo, dada."

"Utawaambia nini?"

Mzee anakohoa, anasimama wima kama mwanafunzi mbele ya ubao. "Nitaanza kwa kusema kwamba mionzi ya—"

"Wewe!" Pasi inabaki hewani. "Neno hilo ukilitaja tena pale sokoni nitakuja kukufunga mdomo kwa hanga hii ya mashati. Wenzako wanalo 'jua'. Mtoto mchanga analijua. Sema jua."

"Nitasema jua, dada."

"Sema jua. Halafu useme jino." Anaanza na mabega ya shati, mvuke unamfunika uso. "Halafu useme uliogopa, ukapita nyuma."

Bwana Sahani anaizungusha kofia. 

"Hilo la tatu usiliruke," anasema dada.

"Sawa."

"Njoo ulichukue Ijumaa."

Barabarani, mzee anatembea polepole. Anasema hategemei karai lirudi. Dada ana miaka mingi na mgongo umechoka. Hata yeye mwenyewe samaki hawatamani sana tena. Anachotaka ni kwamba siku moja aingie mle chumbani bila shati, na asiulizwe amekuja kuchukua nini.

"Jua ninaliweza," anasema. "Jino ninaliweza, tena nitawafungulia kinywa waone pengo, wacheke. Hilo la tatu..."

Anaivaa kofia yake vizuri.

"Hilo nina siku tatu za kulifanyia mazoezi. Nitaanza kwa nahodha. Akinicheka, nitalirudia."